Eda ya Nyota Mjane

Katika zama zile ambazo mbingu zilikuwa karibu na mapaa kuliko zilivyo leo, na majini waliitwa kwa majina yao na wakaitika, alitawala katika mji wa Zabarani sultani mmoja aitwaye Ghadanfari bin Shaddadi, mwenye kasri la mawe meupe na bustani za komamanga na farasi waliolishwa tende, na hakukosa kitu chochote cha dunia isipokuwa utulivu wa moyo, kwa sababu aliogopa kufa. Sisemi aliogopa kama mimi na wewe tunavyoogopa, tukalikumbuka jambo hilo siku ya mazishi kisha tukarudi kwenye sahani zetu. Yeye aliogopa akila, akaogopa akioga, akaogopa akihukumu, na mtu aliyekohoa barazani kwake alitolewa nje ya mji pamoja na kikohozi chake.

Na wanajimu wa Zabarani, watu wenye elimu nyingi na kazi chache, walikuwa wamezigawa nyota katika mafungu matatu. La kwanza ni nyota wakaazi, wasiohama mahali pao. La pili ni nyota wasafiri, ambao leo wako huku na kesho wako kule. Na la tatu, ambalo walilitaja kwa sauti ya chini, ni nyota wajane. Kwa maana nyota wote wameoana, kila dume na jike wake, na jini akipanda kuiba maneno ya mbinguni, nyota dume hutupwa kumfukuza mwizi yule, akawaka mara moja na kuzimika. Watu walio chini hutazama wakasema, lo, uzuri ulioje! Hawajui kwamba wametazama mauti ya mume wa mtu.

Na jike aliyebaki huvua nuru yake kama mwanamke avuavyo dhahabu, akajitanda kiza gubigubi, akashuka duniani kukaa eda katika nyumba ya mwanamke aliyefiwa siku ile ile, kwa sababu huko juu hakuna kilio, naye anataka mtu wa kulia naye. Nyumba iliyoshukiwa na nyota iliheshimiwa. Chumba chake kilifungwa madirisha na vioo vikageuziwa ukutani, na hapana mwanamume aliyepita karibu na mlango wake, na wanawake wa nyumba walimrithi mgeni huyo, binti kwa mama yake na mjukuu kwa bibi yake, kwani siku moja ya nyota ni mwaka wetu mzima, na eda yao hupita umri wa mtu.

Basi Sultani Ghadanfari alikuwa na pete, na ndani ya pete alifungwa jini aitwaye Sarfani, ambaye hakuweza kukataa amri yoyote ya aliyeivaa. Siku moja alfajiri Sultani akaisugua ile pete, na jini akatokea na kusujudu, na Sultani akamwambia, "Ewe Sarfani, panda mpaka kwenye pazia la mbingu, utege sikio, uniletee habari ya umri wangu, umebaki kiasi gani."

Jini akasema, "Maulana, nakusihi kwa heshima ya kiti chako, usinitume huko. Mwenye kutega sikio penye pazia lile hutupiwa nyota, na nyota akitupwa harudi, na pale aangukapo pana msiba. Nitume nikuletee lulu, au nikujengee mji mwingine, au nikuhamishie mlima."

"Lulu ninazo, na mji ninao," akasema Sultani, "na mlima nitaufanyia nini? Nenda."

Sarfani akapanda alfajiri ile ile, na kabla jua halijachomoza watu waliotoka msikitini wakaona mwali mkubwa ukishuka upande wa mashariki, wakasema, lo, uzuri ulioje! Kisha ardhi ikatikisika. Nyota alikuwa ameanguka juu ya tanuri la chokaa lililo nje ya mji, na kando ya tanuri alikuwa mchoma chokaa mmoja, kijana mpole aitwaye Mselemu, akipanga kuni za siku ile. Walichokusanya kwa mazishi yake kilitosha kwenye kanga moja.

Na jini akarudi kwa Sultani, ubavu wake mmoja umeungua mpaka mfupa, akasema, "Maulana, nimesikia maneno nusu, na nusu ya pili ndiyo iliyoniunguza. Nilisikia wakisema, umri wa Ghadanfari bin Shaddadi umewekwa kwa nyota atakayekuwa mjane leo. Walikuwa wanaendelea, lakini mimi nilikwisha onekana."

Uso wa Sultani ukang'aa, akajibu, "Hayo yanatosha. Kilicho kwa mwanamke ni cha mumewe akimwoa. Nitamwoa huyo nyota, na umri wangu utakuwa ndani ya nyumba yangu." Wala hakuuliza ni nani aliyeangukiwa. Mimi namchukia kwa mengi, lakini kwa hilo namchukia zaidi.

Sasa mke wa Mselemu aliitwa Salha binti Kheri, na alikuwa na mimba yake ya kwanza, changa, ambayo marehemu alikuwa ameisubiri kwa miaka na kuishonea kofia ingawa hakujua kama ni ya mtoto wa kiume. Walipokwisha kumvika mavazi ya eda na kumkalisha mkekani, mlango wa chumba ulifunguka wenyewe, akaingia mwanamke mrefu aliyejitanda shela jeusi, na penye pindo la shela, karibu na nyayo, palikuwa na weupe mdogo uliokuwa ukivuja. Wanawake waliokuwepo wakajua ni nani aliyekuja, wakainamisha vichwa. Mgeni akaketi mkekani ubavuni mwa Salha, naye mgeni pia alikuwa mjamzito, anashika kiuno anapokaa.

Salha akamtazama kwa chuki, akasema, "Bibi, mumeo ndiye aliyemuua mume wangu."

"Ndiye," akasema nyota. "Na mume wako ndiye aliyekuwa hapo alipofia wangu. Hakufa peke yake. Nimekuja kukushukuru kwa hilo, na ukinifukuza nitakwenda."

Salha akalia, na nyota akalia naye, na machozi ya nyota yalikuwa baridi na yaliacha alama nyeupe mkekani kama chokaa iliyomwagika, na Salha alipoiona chokaa ile akalia mara mbili. Tangu saa hiyo hawakuachana. Salha alimwuliza jina lake, akajibiwa, "Jina langu nimeliacha juu pamoja na mapambo yangu. Niite Mgeni." Wakala sahani moja, kwani nyota aliye edani hapokei chakula ila kwa mkono wa mfiwa mwenzake, na wakawekeana mikono matumboni, na mtoto wa Salha alipocheza kwa mara ya kwanza, Mgeni ndiye aliyemhisi kabla ya mama mwenyewe.

Huko kasrini Sultani alimwita Kadhi Burhani, akamwambia, "Nataka kuposa."

Kadhi akainama, akasema, "Ni jambo la heri, Maulana. Binti ni wa nani?"

"Ni mjane, na yuko edani, nyumbani kwa mke wa mchoma chokaa."

Kadhi akaelewa, na ndevu zake zikatetemeka, akasema, "Bwana wangu, Mungu akuzidishie utukufu, mwanamke aliye edani haposwi. Hapana kitabu kinachoruhusu, wala hapana mtu mjini hapa, hata mlevi, aliyewahi kulijaribu jambo hilo."

Sultani hakukasirika. Aliweka upanga wake juu ya mapaja na kuanza kuufuta kwa kitambaa cha hariri, taratibu, na kadhi akautazama upanga, na elimu yake yote ikaanza kutafuta mlango wa kutokea. Akasema, "Isipokuwa wanawake wanasema kwamba ni mjamzito. Na eda ya mjamzito, Maulana, inaisha siku anapojifungua, hata kama ni kesho."

"Na nyota hujifungua lini?"

"Haijulikani. Mimba yao ni ndefu kama eda yao. Watu huzaliwa na kuzeeka na kuzikwa."

"Basi ifupishwe," akasema Sultani.

Kadhi akanyamaza. Na kunyamaza kwake ndiko kulikokuwa hukumu, na alipewa joho jipya kabla hajafika nyumbani. Hivyo ndivyo walivyokuwa watu wa Zabarani: hawangethubutu kuivunja eda hata kwa kiasi cha unywele, na kwa kuwa hawakuthubutu kuivunja, wakaona ni halali kuiharakisha.

Siku za maandalizi ya harusi zilipokwisha, Sultani akaamuru jini achanganye dawa ya kutoa mimba, chungu kuliko shubiri, akaimimina katika kikombe cha fedha, na mchana wa Ijumaa Sarfani akaja akasimama nje ya pazia la chumba cha eda, maana hata jini aliona haya kuvuka pazia lile. Akapitisha kikombe chini yake na kusema, "Salha binti Kheri, mimi ni mtumwa wa pete, na ulimi wangu ni wangu lakini mkono wangu si wangu. Mimi ndiye niliyepanda kuiba maneno, kwa amri ya Sultani. Mimi ndiye aliyetupiwa nyota, na nyota akanigusa ubavu tu, akampata mumeo. Nimeamriwa nisiondoke hapa mpaka kikombe hiki kinywewe. Mpe mgeni wako. Na akikataa, nimeamriwa nikunyweshe wewe. Moja kati ya matumbo mawili, Sultani amesema, na hakikisho la utii ni kikombe kitupu."

Salha alishika mdomo asipige yowe. Mgeni alikuwa amelala upande wa pili wa chumba, kwani mchana ndio usiku wao. Sasa wewe msikilizaji unaweza kumhukumu Salha kadiri upendavyo, mimi siwezi. Alikuwa amebakiwa na kitu kimoja tu cha Mselemu duniani, nacho kilikuwa chini ya moyo wake kikipiga teke. Akakichukua kikombe, akatia asali na tangawizi, akamwamsha mwenzake kwa upole na kumwambia, "Bibi, amka unywe, nimekupikia kitu cha moto."

Nyota akaketi, akapokea, akasema, "Mungu akulipe, mwenzangu." Akakiinua mpaka kwenye shela lake.

Na mtoto wa Salha akacheza. Na Mgeni, kwa mazoea ya siku zote, akanyoosha mkono wake wa kushoto na kumwekea Salha tumboni, akatabasamu kwa furaha ndani ya kiza chake, hali kikombe kimegusa mdomo. Salha hakuweza tena. Akapiga ukelele, "Usinywe! Usinywe, nimekudanganya, ni sumu ya mwanao!" akakinyakua kikombe na kuanguka chini akilia, lakini hakikumwagika, kwani jini alikuwa amekifunga kwa azima.

Akamweleza yote, habari ya Sultani na jini na pete na sharti la kikombe, na alipomaliza akakipeleka kikombe mdomoni mwake mwenyewe, macho ameyafumba. Nyota akamshika kiganja.

"Wa kwako akitoka kabla ya wakati atakuwaje?" akauliza.

"Atakufa, bibi."

"Wa kwangu hatakufa. Nuru ndiyo inayokuja mwisho katika mimba zetu, kama kwenu zinavyokuja mwisho nywele na kucha. Akitoka leo atatoka bila nuru. Atakuwa kiza, lakini atakuwepo." Kisha akanyoosha mkono kwenye kikombe. "Sisi tumefiwa kwa mkono mmoja, Salha. Tusipoteze sote wawili kwa mkono huo huo. Nipe."

"Siwezi kukupa."

"Najua. Ndiyo maana nakichukua mwenyewe." Akakichukua na kunywa mpaka tone la mwisho.

Alasiri ile matarumbeta yalikuwa yakilia tangu kasrini hadi mtaa wa wachoma chokaa. Sultani Ghadanfari alikuja amevaa joho la bwana harusi na kilemba cha zari, mbele yake makasha ya mahari yamebebwa na watumwa, nyuma yake kadhi katika lile joho lake jipya, na watu wamejaa pande zote wanatazama bila kushangilia. Kutoka ndani ya nyumba zilisikika kelele za mwanamke anayejifungua, na kelele hizo zilizimisha kila taa na kila jiko la mtaa ule, na watu wakaona chetezo cha Sultani kinafuka moshi bila kaa lililo hai. Sultani akapiga hatua mbele, akashika mlango kwa mikono yote miwili, akasubiri, shingo ameinyoosha kama mtu mwenye njaa mlangoni pa jikoni.

Kelele zikakoma. Mkunga akatoa kichwa, uso umekauka, akasema, "Amejifungua."

"Basi eda imekwisha!" akasema Sultani kwa furaha kubwa, na hilo ndilo lililokuwa neno lake la mwisho. Alianguka kizingitini na kilemba chake kikaviringika mpaka kwenye shimo la chokaa. Walipomgeuza, alikuwa amekufa, na hapana jeraha mwilini mwake.

Pete ikapasuka kidoleni, na Sarfani akawa huru, lakini hakuruka kwenda zake. Alibaki pale nje ya pazia, akauliza kwa sauti ya kutetemeka, "Ewe bibi, nusu ya maneno niliisikia nikaungua. Niambie nusu ya pili."

Na mjane wa mbinguni akajibu, na watu wote wa mtaa wakasikia: "Walisema, umri wa Ghadanfari bin Shaddadi umewekwa kwa nyota atakayekuwa mjane leo, naye ataishi muda wote wa eda yake. Angeniacha nikae na msiba wangu, angeishi mpaka wajukuu wa wajukuu wake wazeeke, kuliko mtu yeyote aliyewahi kuzaliwa."

Kadhi Burhani akalia, "Ewe bibi, kwa nini hukumwambia?"

"Nani aliniuliza? Alileta kikombe na alileta matarumbeta. Hakuleta swali."

Mtoto alikuwa wa kike, mdogo, mweusi wa weusi usio wa ngozi, baridi kama jiwe la kisimani, na pale alipolazwa palionekana kama shimo mkekani. Mama yake alimshika mpaka jua lilipokaribia kuzama, akimpulizia nuru yake mwenyewe usoni, na nuru haikushika. Kisha akasema, "Eda yangu imekwisha na naitwa. Asiye na nuru hapandi. Salha, huyu naye ni yatima wa siku ile."

Salha akafungua mikono. Nyota akamweka mtoto pale, akaligusa tumbo la Salha mara ya mwisho, akavua shela, na waliokuwa chumbani walifumba macho, na walipoyafumbua hakuwepo. Tangu siku hiyo, kila jioni nyota mmoja husimama chini sana juu ya mtaa wa wachoma chokaa, karibu kabisa na paa, kisha huondoka.

Mpwa wa Sultani alirithi kiti, na kwa kuwa alikuwa na haya, alimpa Salha makasha yote ya mahari, almasi na zabarjadi na vitambaa vya dhahabu, na Salha akawa mwanamke tajiri kuliko wote wa Zabarani. Mwezi wake ulipotimia alizaa binti mzima, akamwita Bahia, na kofia aliyoishona Mselemu ilimtosha. Yule mwingine alimwita Mwanakiza. Aliwanyonyesha wote wawili, huyu titi hili na huyu titi lile, na upande wa Mwanakiza ulikuwa ukifa ganzi kwa baridi mpaka bega.

Bahia akakua, akatambaa, akatembea, akaolewa na kijana mwema wa ukoo wa watengeneza saa za jua, na harusi yake ilifanywa mchana kweupe, kwani katika nyumba ile taa haikai. Kila moto ulioingizwa ulizimika, Mwanakiza alikuwa akiunywa, bila kutosheka. Na Mwanakiza hakukua hata kidole. Miezi aliyonyimwa tumboni ilikuwa mingi kuliko umri wa mtu, na alikuwa akiilipia mikononi mwa Salha, siku baada ya siku, na Salha hakumweka chini hata alipokuwa bibi kizee mwenye mgongo uliopinda. Majirani walimwambia, mama, tajiri kama wewe, mpe mjakazi amshike. Akawajibu, "Mimi nilimpelekea mama yake kikombe. Nilitia na asali."

Jioni moja Salha alikuwa akifa. Bahia, naye sasa ni mama mwenye mvi, aliketi kichwani pake katika kiza cha chumba kile, na Mwanakiza amelazwa kifuani pa mgonjwa kama kawaida. Salha akafumbua macho, akasema kwa mshangao, "Bahia, mwanangu, umewasha taa?"

"Sijawasha, mama. Hapa taa haikai."

"Basi mbona nakuona uso?"

Bahia akatazama. Hapakuwa na taa, hapakuwa na jiko, na madirisha yalikuwa yamefungwa. Lakini unyayo mmoja wa mtoto, uliokuwa umetokeza nje ya kitambaa, ulikuwa na weupe mdogo, usiofika hata ukubwa wa punje ya mtama. Salha akautazama mpaka pumzi yake ilipokwisha, na ulipokwisha uhai wake, ule weupe nao ukazimika.

Bahia akamfumba mama yake macho. Kisha akamchukua mtoto, akafungua nguo yake, ingawa hakuwa na maziwa, akamweka kifuani.

Na wanasema Mwanakiza yuko huko hadi leo, kwa mjukuu wa mjukuu wa Bahia, katika nyumba isiyo na taa. Hii ndiyo habari ya Ghadanfari, aliyepewa umri mrefu akaukata kwa mkono wake kwa kushindwa kumwacha mtu alie hadi amalize. Ukipita mlangoni pa mfiwa, wewe uliyenisikiliza, ingia ukae naye, au pita zako. Mimi nimekwisha sema.